Bango Chini ya Kitanda cha Nyevu

Hata wakati wa kiangazi, kila alfajiri Nyevu alishusha mguu mmoja kitandani, akapapasa sakafu, ndipo akashusha wa pili. Masika yaliyopita maji yaliingia ndani yakafika kwenye godoro, na tangu hapo hakuiamini tena sakafu yake.

Nyumba yake iko ukingoni mwa bonde la mpunga, huku Mwakirunge, juu ya Kiembeni. Bonde hulimwa na wanawake, na majaruba yake mawili Nyevu aliyarithi kwa mama yake. Upande wa chini mtu mmoja alikwisha kumwaga kifusi akajenga ukuta, na maji yakakosa pa kupita. Ulibaki uwazi mmoja tu, kipande cha Faraj, mwenye duka la saruji na mabati. Pakizibwa hapo, maji yote yangerudi kwa Nyevu.

Asubuhi moja alikwenda kupalilia akakuta bango la bati limesimama kwenye kipande hicho. Maandishi yalikuwa ya Kiingereza, naye shule aliiacha darasa la tatu. Alilotambua ni jina la Faraj. Kwetu, mtu akichomeka kijiti shambani nawe ukakiacha kisimame, umekubali. Alitazama huku na huku, akaling'oa, akalifunika kwa leso aliyojitanda na kulikimbiza nyumbani chini ya kitanda.

Hakumwambia mtu. Lori likinguruma barabarani, alizima redio na kufunga mlango, kama aliyejificha.

Bango hilo lilionekana na Mwanarehema, shoga yake, aliyewahi kuwa karani wa hoteli Shanzu. Alikuja kuchukua ungo wake, akainama uvunguni.

"Haya! Na hili bati? Siku hizi waezeka kitanda?"

Nyevu hakucheka. Alieleza yote. Mwanarehema alilisoma bango, kisha akaketi sakafuni.

"Umetumaliza, shoga. Faraj anaomba ruhusa abadilishe matumizi ya ardhi. Ilikuwa ya kilimo, ataka iwe ya nyumba za kupanga. Sheria inamlazimisha aweke bango ili sisi tulione. Anayepinga aandike kwa kaunti kabla siku hazijaisha. Tukinyamaza, ni kama tumeridhia."

"Lakini si ni lake? Hati anayo."

"Anayo. Lakini bonde chepechepe kama hili halifukiwi kwa hati peke yake. Lazima ipimwe kwanza athari yake kwa mazingira, apewe kibali, na watakaoumia wasikizwe."

"Siku zimebaki?"

"Leo na kesho."

Nyevu alishika kichwa. Alikuwa amewaziba midomo wenzake wote wa bonde, kwa mkono wake mwenyewe.

"Nikilirudisha watanifunga?"

"Wallahi sijui, Nyevu. Sitakudanganya."

Nyevu aliinuka. Kisha akajitwika bango kichwani, bila leso safari hii, akatoka. Mchana kweupe. Kipandeni alimkuta Faraj mwenyewe na mafundi wawili wakivuta utepe wa kupimia.

"Shikamoo, Bi Nyevu," Faraj alisema, akitabasamu kwa upande mmoja. "Nami nawasingizia wauza vyuma chakavu! Kumbe mwizi wangu ajua hata kupepeta mpunga."

Mafundi waliangua kicheko.

"Marahaba." Alilishusha bango. "Faraj mwanangu, wewe nakuogopa. Kaunti naiogopa. Lakini maji nayaogopa zaidi."

Alitafuta matundu ya zamani, akaichomeka miguu ya bango humo. Bango likasimama kombo. Faraj hakutabasamu tena. Alitazama tope lililokuwa likimeza viatu vyake, akawaambia mafundi wakunje utepe.

Kesho yake wanawake wanne wa bonde, Nyevu akiwemo, walikwenda ofisi ya kaunti na pingamizi aliloliandika Mwanarehema. Afisa wa mipango, binti aitwaye Sabah, alikwisha kupata habari, akawauliza nani aling'oa bango. Nyevu alisogea mbele.

"Ni mimi," alisema.

Sabah alifungua daftari. "Usirudie, mama. Lile ndilo linalowapa nafasi ya kusema." Akaliandika jina lake, na Nyevu hakuthubutu kuuliza limeandikiwa nini. Pingamizi likapokewa.

Ombi la Faraj halijakataliwa. Limesimamishwa mpaka bonde likaguliwe na tathmini ya mazingira iletwe, na kifusi kimekatazwa. Vuli ilipokuja, maji yalipita uwazini.

Nyevu bado hupapasa sakafu kwa mguu. Na akienda kupalilia, kabla ya jaruba lake huanza kwenye bango la Faraj, akafyeka majani yaliyolizunguka ili kila apitaye alione.