Imbwa Iko Nakufa

Juma hili nilikuwa nangoja zamu yangu kwenye dispansere, kule Kapata. Kando yangu aliketi baba mmoja aliyevaa abakosti, ile suti isiyo na tai, akisoma kitabu cha mapenzi huku midomo ikimtikisika. Mke wake alisimama mbele yake, mtoto mwenye homa mgongoni. Muganga akafungua mlango.

"Mutoto wa homa aingie, na tata na mama yake."

Yule baba hakuinua macho. Alinyoosha kiganja tu. "Mungoje kidogo. Imbwa iko nakufa."

Wote tukachungulia chini ya mabenchi. Mbwa mwenyewe alikuwa ndani ya kitabu.

Mke akaingia peke yake. Mume akabaki anajipangusa machozi kwa mkono wa abakosti. Vitabu hivyo navijua: bwana anamkumbatia mbwa wake mvuani, bibi anamchungulia dirishani na kusema moyoni, mwenye huruma namna hii ndiye wangu. Huyo bibi wa dirishani ningemzaba kofi. Mbwa haombi unga, hana mtoto wa kupeleka kwa muganga, wala haulizi ulilala wapi. Kumpenda ni kazi gani?

Mama akatoka, kikwembe alichombebea kimelowa jasho la mtoto. Mume akafunga kitabu, akasimama, meno yote nje.

"Anaisha kupona, mama."

"Nani anakuambia? Banamutia sindano, lakini mwili ingali moto. Tutarudia kesho."

Akamtazama mkewe kama mtu asiyejua lugha.

"Mi nasema imbwa."