Fundi Alidhani Amepoteza Vipimo Vyangu

Alhamisi nilienda kwa fundi wangu wa nguo pale mjini, mtoto mgongoni, anipanulie sketi inayonibana tangu nijifungue, na ukutani nikaona magauni matano ya rangi moja. Fundi akaanza kupekua daftari lake kwa wasiwasi.

"Mama, nisamehe. Hizi ni za wasimamizi wa harusi ya beshte yako, ni Jumamosi, na vipimo zako sizioni. Ni mimi nimepoteza."

Mimi na rafiki yangu huyo, bibi harusi, tumeshona kwake pamoja tangu tumalize shule, kwa hivyo hakuwaza lingine. Akachukua futi, nami kwa woga nikamshusha mtoto, nikainua mikono, akanipima kifua, akanipima kiuno, mpaka nikashindwa kuvumilia.

"Fundi, hujapoteza kitu. Sikualikwa."

Akaikunja futi polepole. "Basi leta sketi, dadangu. Hiyo namaliza leo."

Mume wangu nilimwambia nimekataa kwenda kwa sababu ya mtoto. Niliogopa akijua nimeachwa ataanza kutafuta kasoro yangu, kama ninavyoitafuta mimi kila siku. Fundi hakuitafuta, alidhani kosa ni lake. Rafiki yangu huenda asiniombe msamaha kamwe. Fundi aliniomba, na kwa wiki hii msamaha huo umenitosha.