Nyuma ya Shuka

Wajukuu zangu mnalalamika kwamba wanawake wa kwenye filamu hawafanani nanyi. Sisi tuliliona hilo enzi za Mwingereza, kwenye kambi ya mkonge huku Kilosa.

Gari la sinema likija, shuka jeupe lilitundikwa baina ya miti miwili. Wanaume walikaa mbele, wanawake na watoto tukakaa nyuma ya shuka. Picha ilipenya hadi kwetu, tukaona inatosha.

Ilionyeshwa habari ya mama mchafu. Bwana wa kipaza sauti alilirudia neno hilo mpaka likanichosha. Mama yule alimlisha mwanawe uji kwa mkono wa kushoto, mkono wa chooni, mtoto akafa akazikwa. Wanawake wakaguna. Uchafu wakausahau; wakasema huyo ni mchawi.

Masika yalipokwisha, mkata mkonge mmoja akaleta mke kutoka Munisagara. Alikuwa yule yule mama wa sinema, na mgongoni kambeba mtoto tuliyemwona akifukiwa. Kisimani nilianza kumwamkia, mama yangu akanifinya kabla shikamoo haijatoka. Hakuna aliyemtua ndoo wala aliyemshika mtoto wake. Mumewe akaambiwa amrudishe kwao.

Mwenyewe alieleza kwamba wapiga picha walimwaga takataka kwenye uwanja aliokwisha kuufagia, wakampaka masizi usoni. Kaburini walifukia kipande cha mgomba kilichoviringishwa kanga. Wanawake wa kambi hawakumsikiliza. Walikwisha kumwona.

Gari likarudi na sinema ile ile. Akaja kukaa nasi, mtoto mgongoni, peke yake pembeni. Alipojiona kwenye shuka, alitazama viganja vyake, akavikunja, akavikunjua.

"Yule si mimi," akasema. "Mimi silishi kwa kushoto."

Akainuka, akazunguka kwa wanaume, mahali ambapo mwanamke hakai. Kisha sauti yake ikatoka ng'ambo, palepale uso wake ulipokuwa ukicheza kwenye nguo, ikimwita mama yangu: "Shoga, njoo utazame huku."

Mama akaenda. Aliporudi alikuwa kambeba yule mtoto.

"Huko mbele analisha kwa mkono wa kulia," akawaambia wenzake. "Sisi tumekaa kinyume."

Mke yule hakurudishwa kwao. Lakini tulipokuwa tunahamia mbele, bibi mmoja aliyebaki nyuma aliuliza taratibu, "Kama wa kulia ndiye huyo wenu, huyu wa huku ni nani?"

Sikugeuka kutazama. Juu ya shuka bado alikuwa akilisha.