Nondo wa Ua wa Kagugu

Nondo mwenyewe ni mdogo, ukucha wa kidole cha mwisho unamfunika. Mabawa yake yana rangi ya chai ya maziwa, yamekatwa katikati na mstari mweusi, na pindoni ana manyoya ya njano usiyoyaona mpaka umsogelee. Nilimkuta asubuhi moja kwenye geti langu la buluu hapa Kagugu, pembeni ya ua wa mnyaa, wenyeji wanauita umuyenzi. Viwavi wake wanakula mnyaa huo huo. Vitabu vinamweka pwani ya Tanzania, basi. Rwanda hayumo.

Nikampigia rafiki yangu wa Kinyinya, mtaa wa jirani. Tulikua pamoja Tanzania, tukarudi huku pamoja, na wazimu huu wa kutafuta nondo tuliuanza wawili. Alikuja, akapiga picha yeye kwa kuwa simu yake ndiyo nzuri. Nikamsihi aandike wazi kwamba ni Kagugu, maana kwenye umuganda, kazi ya pamoja ya kila mwisho wa mwezi, majirani walitaka kuufyeka ua wapanue njia. Mkuu wa mudugudu, yaani kitongoji chetu, alikuwa ameniahidi: nikionyesha mdudu huyo yuko hapa tu, ua utabaki.

"Usijali, dada," akasema. Akamaliza chai yangu, akaenda.

Kwenye kundi letu la wapenda wadudu akaandika: nimempata kwangu Kinyinya. Kwangu, eti, na geti langu linaonekana pale pale kwenye picha. Watu wakampongeza, alama ikawekwa kwenye ramani. Niliposema ni kwangu, wakaniuliza picha yangu iko wapi.

Nilimpigia, akacheka. "Kagugu na Kinyinya si pale pale? Nondo anaruka."

Nikakata simu. Mtu niliyemwita ndugu.

Siku ya umuganda mkuu wa mudugudu alinijibu kwa upole, "Mama, si mdudu wako yuko Kinyinya? Tumeona wote, picha imetufikia kwenye simu." Mapanga yakaanza. Kabla ya adhuhuri mnyaa wote ulikuwa chini, unatoka utomvu mweupe.

Wiki iliyofuata rafiki yangu akapiga, sauti tamu kabisa. Wageni wanakuja kumwona nondo, na yeye amemtafuta Kinyinya nzima hajampata. "Dada, nitawaleta kwako kimya kimya, tuangalie pale kwenye ua."

Hapo ndipo nilipolia. Hakujua hata kama ua umefyekwa. Hakuwahi kuuliza.