Barua ya Ukuta wa Mama

Ukuta uliangukia ndani. Naanza na hilo kwa sababu sitaki kulizungukazunguka. Ilikuwa asubuhi, mvua imekatika, jua limeshatoka, na mama amekaa chini ya ufa wa ukuta huo anakanda unga wa chapati. Mie nilikuwa mlangoni namwaga maji. Nikasikia sauti kama ya mtu anayechana kitambaa kipya, nikageuka, nikaona ukuta unamwendea. Haukwenda mbio. Ulimwinamia kama mtu anayetaka kumsalimu. Mama hakuinuka, alinyanyua mikono yake yenye unga, basi. Boriti ya dari ikanifuata pale mlangoni ikanikamata mguu huu wa kulia ambao mpaka leo nauburura. Nililala pale nikiutazama mkono mmoja wa mama uliobaki nje ya mawe, vidole vinafumba na kufumbua, kisha havifumbi tena.

Mama huyo alitoka Unguja mwaka wa sitini na nne akiwa hai. Alipita mbele ya watu wenye mapanga, akapanda chombo, akatapika njia nzima, akashuka Maskati na kanga mbili na mimi mwanawe. Hao wa mapanga hawakumuua. Alikuja kuuliwa na ukuta, na ukuta ule una wenyewe. Majina yao siyaandiki, maana wana watoto na watoto hawana kosa. Lakini nitawataja kwa kazi zao, na wenyewe watajijua.

Wa kwanza ni jamaa wa marehemu baba aliyetupa ile nyumba. Alitupa kwa wema, sikatai. Ilikuwa ndani ya mji, karibu na lango, na yeye mwenyewe alikwishahamia Sib, nje ya mji, kwenye mitende yake. Ufa tuliukuta, mwembamba kama uzi. Mwaka wa pili ukawa unaingia kidole. Tukamwendea kumwambia, akasema tusiguse hata jiwe. Siku zile mtu hakuweza kutia chokaa ukuta wake bila ruhusa. Jirani yetu mshona viatu alizibua dirisha bila karatasi, akafungwa siku tisa. Jamaa yetu akasema sisi ni watu wa Zinjibari, wageni, tukikosea yeye ndiye atakayeitwa. Pelekeni barua ofisi ya serikali, kwa wanaotoa ruhusa, akasema, mngoje jibu. Akatupa kikapu cha tende turudi nacho.

Barua niliandika mwenyewe. Skuli sikufika mbali, lakini chuoni, kwa mwalimu wa Kurani, nilihitimu na herufi nazijua vizuri. Kwetu Unguja barua zote, za harusi na za msiba, tukiziandika hivyo: herufi za Kiarabu, maneno ya Kiswahili. Basi nikakaa nikaandika kurasa mbili, ufa ulipoanzia, ulipofika, na kwamba mama yangu ni mtu mzima. Haikunipitikia kabisa kwamba hao ninaowaandikia hawatajua nisemalo. Kwa kuwa herufi ni zao, nikaona nimewaandikia wao. Ujinga huo ni wangu na nauweka hapa pamoja na ya wengine.

Karani aliyeipokea alikuwa mtu wa miaka thelathini hivi, kanzu yake nyeupe kama maziwa, harufu ya udi inamtangulia. Aliitazama muda mrefu, akaikunja, akaitia chini ya jiwe alilowekea karatasi zisipeperuke. Akasema kwa Kiarabu, inshallah. Nikarudi wiki ya pili. Bukra, akaniambia, yaani kesho. Wiki ya tatu bukra. Kiarabu changu kilikuwa cha kusalia, si cha kubishania, basi nikawa nakwenda, nasimama, naambiwa kesho, naondoka. Nilikwenda msimu wa joto mzima, mpaka askari wa mlangoni akaanza kuniita bibi harusi wa karani, na wenzake wanacheka.

Sasa wakati huo nilikuwa nampikia na kumfulia Mzungu mmoja huko Matrah, mtu wa Norwei, fundi wa mitambo ya meli. Alikaa Mombasa miaka mingi, na Kiswahili chake kilikuwa cha bandarini, kila kitu kwake ni "hii". Akaona kila wiki naomba ruhusa ya asubuhi, akaniuliza nakwenda wapi. Nikamwambia. Akaniwekea kiti jikoni, jambo ambalo halijapata kunitokea, akaanza kunieleza kwao.

Kwao ni bahari iliyoingia nchi kavu kwa wembamba, na milima imesimama huku na huku kama hii ya Maskati, ila yao ina majani, na juu ina theluji. Nyumba zimetawanyika kando ya maji, moja hapa na moja kule, na katikati pana kanisa, duka na skuli. Watu ni wachache kiasi kwamba mwenye kununua sukari nyingi hujulikana. Wanajitawala kwa baraza lao wenyewe, na waliomo humo wanachaguliwa na jirani zao. Mwenyekiti siku zile alikuwa mfuga kondoo. Siku ya kikao anawalisha kondoo, ananawa, anavaa koti lake la kanisani, anapanda ngazi ya skuli, anakaa meza moja na mvuvi, mwalimu na mkunga. Ndiyo, mkunga, mwanamke, na akinyoosha mkono wake unahesabiwa sawa na wa mwenyekiti. Barua za watu husomwa zote, moja moja, hata ya yule mzee mgomvi anayelalamikia mbwa wa jirani tangu mbwa ni mtoto. Hairuhusiwi barua kulala. Kila moja hujibiwa, ndiyo au siyo, na chini ya jibu huandikwa jina la aliyeamua.

Tena akanieleza kisa cha daraja la mbao. Watu waliandika kwamba mbao zimeoza. Baraza likakubali litengenezwe kabla ya baridi, mwenyekiti akachelewa, na farasi wa mjane mmoja akatumbukia mtoni. Kikao kilichofuata chumba kilijaa mpaka kwenye ngazi. Mwenyekiti akasimama, kofia mkononi, akasema kosa ni lake, hana wa kumsingizia. Siku ya pili akampelekea yule mama farasi wake mwenyewe, na dukani kwa miezi watu walimsalimu kwa kidevu tu.

Nilitoka pale moja kwa moja mpaka nyumbani. Sijapatapo kusikia mkubwa amesimama mbele ya mjane. Nikamhadithia mama hali ya kuwa bado nimesimama na buibui langu.

"Na huyo mwenyekiti ana askari wangapi?" akauliza.

"Hana. Pana polisi mmoja wa kijiji kizima, ana baiskeli."

"Mzungu wako anakuchezea, mwanangu. Mtu ana amri, na kondoo anachunga mwenyewe?"

Akacheka mpaka akajifuta macho. Lakini mie nilimwamini yule Mzungu, na hapo ndipo nilipompoteza mama. Maana mvua za kwanza zilipopita, mshona viatu alikuja kwetu na shauri. Alisema ana magogo mawili, tuyaegemeze ukutani kwa ndani, tuning'inize mkeka mbele yake, nani ataona? Yeye aliyefungwa siku tisa ndiye aliyejitolea. Nikamkatalia. Nikamwambia barua iko ofisini, na barua hujibiwa. Mama akaniangalia, akasema haya, wewe ndiye uliyesoma. Akahamisha mkeka wake wa kulalia chumba cha pili, lakini pa kupikia hapakuwa pengine.

Yule Mnorwei simtii katika wauaji. Aliposikia yaliyotupata alilia, akanipeleka kwa daktari kwa gari ya kukodi. Angeniambia neno moja tu zaidi: kwamba kwao ni kwao.

Eda si yangu, lakini nilikaa ndani siku arubaini kwa ajili ya mguu. Nilipoweza kusimama kwa fimbo nikaenda ofisini. Sikwenda kuomba. Nilikwenda kuichukua barua yangu. Karani alinitazama, akaitazama fimbo. Nikaanza kwa Kiarabu, kikanikatikia njiani, nikamaliza kwa Kiswahili, kwa sauti, mbele ya watu wote waliokuwa wakingoja pale. Nikamwambia mama amekufa. Nikamwambia kila nilichokiandika kuhusu ufa ule. Akainuka, akazunguka meza, akanijia karibu kabisa, na akanambia, kwa Kiswahili cha Unguja safi kuliko changu:

"Dada, punguza sauti. Hapa hawajui kama mie ni mtu wa huko."

Nilidhani nimechanganyikiwa. Nikamuuliza kama aliisoma.

"Niliisoma siku ile ile. Ningeifasiri wangeuliza nimejuaje. Na mie nna mama pia, dada, nna kazi hii tu."

Basi. Hakuwa mbaya wa uso. Alikuja utotoni na babake, kabla yetu sisi wa mapinduzi, akakua hapa, na watu wa asili yetu ofisini walikuwa wakidharauliwa, wakiulizwa kama ni Waarabu au ni kitu gani. Akaamua kutokuwa mmoja wetu. Miezi yote ile nasimama mbele yake navunjavunja Kiarabu, askari wananicheka, na yeye anajua nilichoandika neno kwa neno, anajua ukuta, anajua mama. Neno moja tu angenong'ona, dada, hii haitafika, wekeni magogo. Neno moja la Kiswahili.

Barua hakunipa. Alisema imepotea.

Miaka imepita, zama zimegeuka, na watu wetu wameitwa kazini kwa sababu walisoma. Sasa Kiswahili hakifichwi. Yeye amepanda vyeo, ana nyumba Madinat Sultan Qaboos, mtaa wa wenye nacho, na niliwahi kumkuta harusini amekaa na wazee anasimulia mambo matamu ya Unguja kwa sauti ya juu, watu wanamsikiliza. Aliniona na mguu wangu. Akageukia upande wa pili.

Mie sitaki farasi, wala nyumba, wala pole. Jamaa wa Sib amekufa, na yeye ana lake mbele ya Mola. Wewe karani uko hai. Uliisoma barua yangu ukainyamazia, na mama wa mtu akafa akikanda unga. Simama mbele ya hao wanaokusikiliza uwaambie hivyo, kwa Kiswahili.