Baraka za Mzee Genival

Jucileide, Leide kwa waliomzoea, alizaliwa Riacho Velho, mji mdogo wa ndani ya jimbo la Pernambuco, Brazili, ambako mvua huonekana kwa nadra zaidi kuliko askofu. Baba yake, Mzee Genival, alishona matandiko ya farasi. Binti alipofika miaka kumi na mitano, mzee alimpa kodiani nyekundu, akautangazia mtaa mzima kwamba nyumba imepata mpigaji.

Leide akaipiga mwaka mmoja. Kisha akaenda Caruaru sokoni, akaibadilisha na gita la umeme.

Siwezi kumtetea. Kodiani ya baba haibadilishwi, hata kwa gari. Lakini mtoto alikuwa amesikia roki redioni, na toka siku hiyo masikio yake hayakutulia.

Mzee hakumpiga wala hakumfukuza. Alifanya jambo baya zaidi: alimnyima baraka. Kwetu mtoto hatoki nyumbani wala haendi kulala bila kusema, "Nibariki, baba," naye baba hujibu, "Mungu akubariki." Leide aliomba kila asubuhi. Mzee alirekebisha kofia, akaangalia mbuzi.

Miaka minane iliisha hivyo. Leide alihamia Recife, akaunda bendi na rafiki zake watatu, wakaiita Shoti kwa sababu ya waya ya umeme iliyowatetemesha siku ya kwanza ya mazoezi. Alitunga nyimbo jikoni, akigonga kisu mezani. Ule wa lori la maji lisilofika ulipigwa redioni mpaka madereva wa malori wakalalamika. Santuri ikatoka, watu wakajaza viwanja vya michezo kumsikiliza. Na kila Jumapili alipiga simu duka la dawa la Riacho Velho, mzee akaitwa.

"Nibariki, baba."

Mzee anakata simu. Ila kuja, alikuja kila Jumapili, na viatu amevipaka rangi. Leide aliyajua hayo kutoka kwa mwenye duka, na ndiyo yaliyomfanya aendelee kupiga.

Baadaye alitoa santuri nyingine nne na kuzunguka nchi nzima. Lakini ukimuuliza kuhusu kazi yake, atakusimulia mkesha wa Mtakatifu Yohana wa mwaka themanini na sita, alipopita nyumbani na bendi yake wakielekea Campina Grande.

Jua lilikuwa bado halijazama. Uwanjani mahindi yanachomwa, bwana harusi wa harusi ya kuigiza ya kila mkesha kajichora masharubu kwa mkaa, jozi hamsini zimejipanga kucheza kadrili, ngoma ya wawili wawili inayofuata wito. Mwita ngoma alikuwa Mzee Genival, kama kila mwaka, na kipaza sauti mkononi. Kazi yake ni kuwadanganya wachezaji. Akiita, "Mvua hiyo!" wote wanageuka kukimbia, kisha wanapiga kelele, "Uongo!" na kurudi wakicheka.

Kabla ya wito wa kwanza, kodiani ya Tonho, mpigaji wa siku hiyo, ikapasuka mfuko wa hewa.

"Mzee, imekufa," Tonho akasema.

"Imekufaje, na watu nimeshawapanga?"

"Kama wanavyokufa wengine, mzee. Imekata pumzi."

Kodiani nyingine haikuwapo mji mzima. Bi Otacília, mama yake Leide, akaweka mikono kiunoni. "Genival, mwanao ana vyombo garini. Au utatupigia kwa mdomo?"

"Vile si vyombo. Ni mashine za kusaga."

"Basi tusagwe!" akapayuka bwana harusi, na uwanja mzima ukaangua kicheko.

Mzee akaonyesha jukwaa kwa kidevu.

Leide angeweza kumwekea baba masharti, na hakuna ambaye angemlaumu. Alipita mbele yake na gita mgongoni.

"Nibariki, baba."

Mzee akarekebisha kofia.

Haya. Leide akachomeka waya, akaanza ile ile kadrili ya wazee, ila kwa gita linalonguruma, na ngoma nyuma yake zikienda mbio. Jozi hamsini zikaruka. Bi Otacília akavua viatu. Wazee waliokuja kutazama tu wakajikuta katikati ya vumbi wakizungushana. Na mzee mwenyewe! Sauti ikampanda, akawa anaita huku akipiga mguu chini.

"Mvua hiyo!"

"Uongo!"

"Nyoka, jamani, nyoka!"

"Uongo!"

Leide alicheka hata nywele zikamwingia mdomoni. Akamwona baba yake anamgeukia, macho yamelowa, kipaza sauti kimegandana na midomo.

"Mungu akubariki, mwanangu!"

"Uongo!" wakajibu watu mia moja kwa mazoea, wakiwa wameshageuka kukimbia.

Leide akakosa nyuzi. Muziki ukakatika. Mzee Genival alivua kofia, akaitupa chini, akawapigia kelele wachezaji mpaka mishipa ya shingo ikasimama:

"Rudini, wajinga nyie! Hiyo kweli! Hiyo ya kweli!"