Mama Geti na Honi Isiyopigwa

Mama Geti hakuwa na mtoto wa kuitiwa. Jina alilipata kazini, pale barabara inapokata reli, kwa kushusha na kupandisha nguzo ya kivuko na kuwatukana waliojaribu kupenya chini yake. Alitukana bila kubagua. Nguzo ikishashuka, alikuwa akisema, mkubwa ni treni na mdogo wake ni mimi.

Kazi ile ilikuja na chumba kimoja cha shirika la reli, ubavuni mwa kibanda. Humo alilala mama yake mzazi, ambaye kiharusi kilimnyang'anya nusu ya mwili kikamwachia woga wote. Aliogopa honi. Treni ikilia, bibi wa watu alijikojolea na kutetemeka mpaka jua lizame, na mfuaji wa mashuka alikuwa mmoja tu.

Njia yenyewe ilikuwa ya tawi, ya treni moja ya saruji, na dereva wake alikuwa shemeji, mume wa mdogo wake Mama Geti. Basi wakapatana kifamilia. Shemeji atapita kimya, bila honi, na Mama Geti atashusha geti kwa kuitazama saa ya ukutani. Mdogo mtu aliusifu sana mpango huo. Ulimgharimu nini? Yeye alikuja kumtazama mama kama mtu anayekwenda kulipia maji, akiwa amesimama, na kipochi hakitoki kwapani.

Siku ya ajali treni ilipewa njia mapema, na dereva akaona heri awahi nyumbani. Saa ya ukutani haikuambiwa. Simu ya kibandani ilikufa zamani, na honi ndiyo hiyo waliyoinyamazisha wenyewe. Mama Geti alikuwa ndani akimgeuza mama ubavu alipohisi sakafu inatetemeka. Akachomoka na bendera nyekundu. Geti liko juu, treni imeshatokeza kwenye kona, na katikati ya kivuko kinakatiza kigari cha roboti, mojawapo ya vile vinavyopeleka vifurushi majumbani, ambavyo watu walivibatiza friji za kutembea.

Akaikunjua bendera kumsimamisha shemeji. Shemeji alifunga breki, lakini treni ya saruji haisimami kwa kuombwa. Aliyetii papo hapo ni roboti. Vigari vile vilifundishwa adabu kuliko walionunua vifurushi: mtu akisimama mbele na kuinua mkono, kinaganda. Hiki kiliona mtu na kitambaa chekundu, kikaganda juu ya reli kama mwanafunzi aliyeitwa jina. Kingejiendea zake, kingevuka.

Kichwa cha treni kilikikanyaga, kikaacha reli, kikalala mtaroni. Dereva alitoka na nundu usoni. Msaidizi wake alivunjika nyonga, na alipokuwa akipiga kelele za kuomba atolewe, majirani walikuwa wakigombania viatu na sabuni zilizomwagika tumboni mwa roboti. Mama Geti aliwachapa na mti wa bendera mpaka wawili wakakumbuka kwamba mle ndani mna mtu.

Shirika likaunda kamati ya uchunguzi, na kabla kamati haijakaa kila mtu alijua kazi yake: kumpata wa kufukuzwa.

Siku moja kabla, mdogo mtu akaja. Hata hakuuliza hali ya mgonjwa. Alisema mumewe hajala tangu ajali, kwamba msaidizi hatatembea sawasawa tena, kwamba mabwana wakubwa wana hasira. Halafu akafika alikokuwa akienda: dada aseme alipitiwa na usingizi, geti likabaki juu.

"Wewe uko peke yako, dada. Sisi tuna watoto."

Mama Geti aliendelea kukunja shuka. "Sawa. Nitasema nililala. Lakini kazi ikienda na chumba kinaenda. Mbebe mama leo. Mashuka nitakuletea mwenyewe."

Mdogo mtu akatazama kitanda. Mama naye alimtazama, kwa jicho lile moja lililobaki na kazi. Nyumba yao ina ngazi, akasema mdogo mtu. Watoto wana mitihani. Mume wake hawezi harufu.

"Usimfanyie mama biashara," akamaliza.

"Biashara umeileta wewe. Mimi nimetaja bei tu."

Aliondoka na kipochi chake. Mama Geti hakumsindikiza.

Kwenye kamati aliulizwa kwa nini geti lilikuwa juu. Alijibu kwamba treni ilikuja kabla ya wakati na dereva hakupiga honi. Yote kweli, hata nukta haikuongezwa. Yale mapatano aliyaacha chini ya ulimi, kwa kuwa alikwisha kupiga hesabu: shemeji akiyataja, yeye mwenyewe atakuwa dereva aliyekusudia, si aliyesahau, na mkusudiaji hushtakiwa. Dereva angependa kumvuta Mama Geti wazame wote, na mdomo aliufungua. Lakini mke wake, kwenye benchi la nyuma, alitikisa kichwa. Huyo naye alikuwa na hesabu yake. Mama Geti akifukuzwa, kitanda kile kitapanda ngazi zake.

Dereva akasema alisahau.

Wakamwondoa kazini siku ileile. Mama Geti alipewa onyo kali na kuambiwa simu itatengenezwa.

Nje ya jengo mdogo mtu alimsubiri, macho makavu. Alimwambia kwamba amemla mume wake mbichi, kwamba kuanzia leo asimwite mdogo wake.

"Na mama akifa," akasema, "usinitumie mtu."

"Sitatuma," Mama Geti akajibu. "Akiwa hai nilikutumia watu wangapi, na ulikuja?"

Mdogo mtu akatema mate kando ya viatu vya dada yake, akavuka barabara. Mama Geti hakumfuata hata kwa macho; alikuwa na haraka ya kurudi kibandani. Mlinzi wa zamu aliyemshikia geti alikuwa mtu mmoja mvivu, asiyekubali kuingia ndani kumgeuza mgonjwa, na mama alikuwa amelalia ubavu mmoja tangu asubuhi.